Hata Adamu Aliulizwa

Mwaka 1718 Chuo Kikuu cha Cambridge kilimvua Richard Bentley shahada zake zote. Bentley alikuwa profesa wa teolojia na mkuu wa Chuo cha Trinity, msomi hodari na mkali wa maneno. Alikuwa ameshitakiwa kwa ugomvi wa ada, akaidharau mahakama ya chuo, na wenzake wakamwadhibu bila kumwita ajitetee. Akaenda kwa majaji wa Mfalme. Mwaka 1723 walikubaliana naye, na mmoja wao, Fortescue, akatoa hoja inayokumbukwa na wanasheria hadi leo: hata Mungu hakumhukumu Adamu kabla ya kumwita ajitetee.

Hoja hiyo ni nzito. Mungu ajuaye yote hakuhitaji taarifa kutoka kwa Adamu. Katika Kurani pia, Iblisi alipokataa kusujudu, aliulizwa kilichomzuia, ndipo akafukuzwa. Ikiwa mwenye kujua yote aliuliza, basi swali lile lilikuwa haki ya aliyeulizwa, awe na jibu au asiwe nalo.

Mahakama ya Juu ya Marekani ilishika njia nyingine tarehe 29 Juni 1972, ilipotoa hukumu katika kesi mbili za walimu. David Roth alifundisha Oshkosh, Wisconsin, kwa mkataba wa mwaka mmoja. Ulipokwisha hakuongezewa, wala hakuelezwa sababu. Robert Sindermann alikuwa amefundisha miaka 10 katika vyuo vya umma vya Texas, minne ya mwisho huko Odessa, na alikuwa amepingana hadharani na bodi ya chuo chake; yeye pia hakuongezewa mkataba. Katika dai la kusikilizwa, Roth alishindwa: mkataba wake ulikuwa umekwisha, hakubakiwa na cha kudai. Sindermann alipewa nafasi ya kuthibitisha kwamba desturi ya chuo, kama ilivyoandikwa katika mwongozo wa walimu, ilimpa ajira ya kudumu. Akithibitisha, chuo kingelazimika kumsikiliza, ingawa kusikilizwa peke yake kusingemrudisha darasani.

Haki ikafungwa kwenye umiliki: mwenye chake asikilizwe, asiye na chake aende zake. Hapo Fortescue anawashinda majaji wa Washington. Adamu hakuwa na hati ya bustani.

Nchini Kenya, kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinamtaka mwajiri, kabla ya kumwachisha mtu kazi kwa utovu wa nidhamu, utendaji duni au afya, amweleze sababu kwa lugha anayoielewa, na amsikilize akiwa na mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama. Asiposikilizwa, mahakama inaweza kuamuru arudishwe kazini, au alipwe fidia isiyozidi mishahara ya miezi 12. Hata hivyo, mwalimu ambaye mkataba wake umefika mwisho tu, kama Roth, kwa kawaida hubaki nje ya ulinzi huo.

Bodi za shule, hasa zile za makanisa na misikiti, zisingoje kulazimishwa na sheria. Kabla barua haijaandikwa, mwalimu aitwe, aambiwe sababu, asikilizwe.