Nafaka Iliyolowa Chini

Ndugu Mwislamu, vijana wetu wa Kilosa wakirudi kutoka Mikumi huwa na habari moja tu: mchezo wa televisheni wa Kihindi, Scam 1992, uliotolewa mwaka 2020. Ni kisa cha kweli cha Harshad Mehta, dalali wa hisa wa Bombay, aliyechota fedha za mabenki kwa hati zisizo na kitu nyuma yake, akapandisha bei za hisa. Alifichuliwa mwaka 1992, akafa kizuizini mwaka 2001. Mchezo haukuficha anguko lake. Mbona basi wanalolikumbuka ni gari lake?

Mtume (S.A.W.) alitia mkono katika lundo la nafaka sokoni, akakuta umande. Akamwuliza mwenyewe kwa nini ile iliyolowa hakuiweka juu, watu waione. Muuzaji yule hakumlazimisha mtu kununua; alimnyima haki ya kujua, basi.

Nasi Tanzania tulikuwa na DECI, ya kupanda na kuvuna. Waliotangulia walilipwa kwa mbegu za waliofuata, hata serikali ikaisimamisha mwaka 2009. Wewe uliyevuna mapema ukanyamaza, ulikula mali ya nani? Na jirani yako aliyepanda wiki ya mwisho, umepata kumwuliza hali?