Tunda Lililoanguka ni la Nani?

Mvua ikinyesha usiku Spring Valley, asubuhi nyasi zilizo chini ya mpera huwa zimejaa matunda. Mengine yamepasuka, mengine yametobolewa na ndege, na machache yameangukia majani makavu yakasalimika. Harufu huwa imeshafika langoni kabla soja wa usiku hajakabidhi zamu. Hapo ndipo huulizwa, kwa sauti ya chini, swali linalojulikana katika malango mengi ya upande huu wa Nairobi: "Mama, haya yaliyoanguka niyachukue?"

Kwa kawaida jibu ni "chukua tu", na mazungumzo yanaishia hapo. Lakini swali hilo ni zito kuliko linavyosikika. Torati imelitolea sheria, Mtume Muhammad aliletewa kesi yake, na John Locke, mwanafalsafa wa Uingereza, alilijengea nadharia nzima ya mali. Anayeuliza huku ameinamisha kichwa anagusa jambo ambalo wanazuoni hawakuona haya kulijadili: tunda likishaliacha tawi, bado ni la mwenye mti?

Jikoni, jibu la haraka ni krambo. Chakula hiki cha Kiingereza hakidai tunda zuri. Mapera, plamu au forosadi hukatwakatwa, yakanyunyiziwa sukari na maji ya ndimu, yakalazwa katika bakuli la kuokea, kisha juu yake ukamwagwa unga uliosuguliwa na siagi. Vipimo havisahauliki: gramu 200 za unga, 100 za siagi, 100 za sukari. Siagi iwe baridi. Husuguliwa ndani ya unga kwa ncha za vidole tu, mikono ikiinuliwa juu ya bakuli ili joto la kiganja lisiiyeyushe, mpaka unga uache kuwa unga na uwe chenga, kama mchele uliovunjika mashineni. Mwenye haraka akiukanda, hupata donge, na oveni italitoa gumu kama kigae. Mwenye subira, baada ya dakika 40 hivi katika nyuzi 180, huziona chenga zimepata rangi ya dhahabu na maji ya matunda yakichemka na kupenya ukingoni. Nairobi iko juu, na maji yake huchemka karibu na nyuzi 94, si 100, kwa hiyo mapera magumu huomba kutokoswa kidogo kwenye sufuria kwanza. Asiye na oveni hupalia makaa chini na juu ya sufuria iliyofunikwa, kama wanavyofanya wapishi wa pwani tangu zamani, na kazi ikaenda.

Huelezwa kwamba krambo ilienea Uingereza wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Siagi na sukari zilianza kutolewa kwa mgao Januari 1940, na mgao wa vyakula haukuisha kabisa mpaka 1954. Kuyafunika matunda kwa chenga kulihitaji siagi na unga kidogo kuliko kuyafungia ndani ya pai. Kilikuwa chakula cha uhaba. Katika bustani kubwa za Spring Valley sababu imegeuka: si kwamba kilichopo ni kidogo, ni kwamba kilichopo ni kingi na kinaoza.

Wala tunda si lazima liwe tufaha. Wafasiri wa Biblia ya Kiswahili ya Union, iliyotoka 1952, walikutana na jambo hilohilo mbele ya maandiko ya Sulemani. Tunda ambalo Biblia za Kiingereza huliita tufaha, wao katika Mithali waliliita machungwa, na katika Wimbo Ulio Bora wakaliita mapera. Walimpa msomaji tunda alilokwisha kulionja. Mpishi anayeweka mapera mahali pa matufaha kutoka Afrika Kusini anafuata njia yao, na krambo yake haipungukiwi na kitu.

Sasa, kilomita chache kutoka Spring Valley, huko Gigiri, ndipo yalipo makao makuu ya UNEP, shirika la mazingira la Umoja wa Mataifa. Ripoti yake ya 2024 ilikadiria kwamba tani bilioni 1.05 za chakula zilitupwa duniani mwaka 2022, asilimia 60 zikitoka majumbani. Ripoti ya 2021 iliikadiria Kenya kwa kilo 99 za chakula kinachotupwa nyumbani kwa kila mtu kwa mwaka. Kwa wakazi wa Nairobi, kutupa kuna anwani: Dandora, jaa lililofunguliwa 1975, likatangazwa kwamba limejaa 2001, na malori hayakuacha kumwaga. Ukilitazama jaa hilo, kila pera linaloingia katika bakuli la kuokea huonekana kama thawabu.

Na ni jema kweli. Lakini ni rahisi mtu kuridhika mapema. Kutotupa ni jambo moja, kutoa haki ya mtu ni jingine, na tunda lililookolewa lisiende Dandora linaweza kuliwa lote ndani ya ukuta uleule, na wale wanaoishi kwa kulilinda na kulifagia wasilionje.

Torati ilianza na mwenye shamba, si na mpita njia. Walawi 19 inamkataza kuvuna mpaka pembe za shamba, na inamkataza kurudi kuokota zabibu zilizoanguka: hizo ni za maskini na mgeni. Haisemi awape. Inasema aziache. Tofauti hiyo ni kubwa, maana anayeachiwa haji kuomba, anakuja kuchukua kilicho chake. Ndivyo Ruthu, mgeni kutoka Moabu, alivyoingia katika shamba la Boazi Bethlehemu na kuokota masuke. Kisha Kumbukumbu la Torati 23 ikamgeukia mpita njia: akiingia katika mizabibu ya jirani yake, ale mpaka ashibe, lakini asitie chomboni.

Katika Uislamu kuna kisa cha mtoto. Rafi' bin Amr, wa kabila la Ghifar, alikuwa akiipiga mawe mitende ya Answari, wenyeji Waislamu wa Madina, akakamatwa na kupelekwa kwa Mtume. Alipoulizwa kwa nini, alisema alitaka kula. Wakusanyaji wa hadithi Abu Dawud na Tirmidhi wamepokea jibu alilopewa: aache kuirushia mitende mawe, ale yaliyoanguka chini. Mtume akamwombea dua ashibe. Mtoto yeyote aliyewahi kurusha fimbo juu ya ukuta kwa ajili ya pera atakielewa kisa hicho bila mwalimu.

Sheria hizo mbili, zilizoachana kwa karne nyingi, zinakaribiana sana. Mdomo wa mwenye njaa una ruhusa. Jiwe na kapu havina. Mti unabaki kuwa wa mwenyewe, ila umiliki wake hauufuniki mti wote mpaka chini. Kuna eneo, baina ya tawi na udongo, ambamo mwenye mti hana neno la mwisho.

Kurani inakwenda mbali zaidi inapomgeukia mwenye bustani. Katika Surat Al-An'am, aya ya 141, anaambiwa ale matunda miti inapozaa, atoe haki yake siku ya kuvuna, na asifanye israfu. Mambo matatu katika pumzi moja, na hakuna linalosimama badala ya jingine. Kuepuka israfu hakumalizi deni la haki. Surat Al-Qalam inasimulia wenye bustani walioapa kuvuna alfajiri, wakinong'onezana njiani kwamba siku hiyo maskini yeyote asiingie. Walipofika waliikuta imeteketea usiku. Kosa lao halikuwa kuacha matunda yaoze. Walikuwa wavunaji hodari, walioamka mapema.

Karibu na Spring Valley inapita Barabara ya Peponi. Jina hilo ni zito kwa yeyote anayekijua Kiswahili. Pepo ya Kurani, katika Surat Al-Waqi'a, ina matunda mengi yasiyokatika wala kukatazwa. Barabara inayobeba jina lake imepangwa kuta za mawe, nyaya za umeme juu yake, na matawi ya mipera na mibuni ya zamani yakichungulia. Vilima hivi vya Kabete vilikuwa vya Wakikuyu kabla ya kuwa mashamba ya kahawa ya walowezi, na baadaye viwanja vya nyumba. Sheria za ardhi za kikoloni za 1902 na 1915 ziliifanya ardhi kuwa ya Ufalme wa Uingereza, ikagawiwa watu wengine, mara nyingi kwa hoja kwamba haikuwa ikitumiwa.

Hapa ndipo Locke anapohitaji kusomwa mpaka mwisho. Katika kitabu chake kuhusu serikali, kilichotoka 1689, aliuliza kuhusu mtu aliyeokota matufaha msituni: yalikuwa yake tangu lini? Alipoyala? Alipoyapika? Alijibu kwamba yalikuwa yake tangu alipoyaokota, kwa kuwa alitia kazi yake. Fikra hiyo ilipendwa sana na waliotaka ardhi za wengine. Lakini kurasa chache mbele Locke huyohuyo aliweka mpaka: mtu ana haki ya kiasi anachoweza kutumia kabla hakijaharibika, na kinachozidi hapo ni fungu la wengine. Kwa kipimo chake mwenyewe, pera linaloozea nyuma ya ukuta limeshampita mwenye ukuta.

Kuna atakayesema kwamba soja anahitaji mshahara mzuri, si mapera. Ni kweli, na mapera yasihesabiwe kamwe kuwa sehemu ya mshahara. Kufanya hivyo ni kumlipa mtu kwa kile ambacho Torati inasema kilikuwa chake tayari. Katiba ya Kenya ya 2010, kifungu cha 43, inampa kila mtu haki ya kutokuwa na njaa na ya kupata chakula cha kutosha chenye ubora unaokubalika. Neno la kushikilia hapo ni ubora.

Maana nyumba zenye huruma hukosea papo hapo. Mazuri huingia ndani, yaliyochubuka huwekwa kwenye mfuko wa langoni, na moyo ukatulia. Surat Al-Baqara, aya ya 267, inawaonya waumini wasikusudie kutoa kilicho kibaya, kile ambacho wao wenyewe wasingekipokea ila kwa kukifumbia macho. Nabii Malaki aliwakemea makuhani kwa kosa la namna hiyo: walileta madhabahuni wanyama vipofu na viwete, ambao wasingethubutu kumpelekea mtawala wao. Katika hekalu la Masingasinga la Makindu, lililojengwa 1926 kando ya njia ya Mombasa, msafiri wa dini yoyote hulishwa bila malipo, na hapewi mabaki ya mtu. Chakula kinapikwa kwa ajili yake.

Na ukifikiri vizuri, krambo inaonyesha njia, kwa sababu ni chakula kisichojali kovu la tunda. Mwenye mti ana kisu kikali, ana sukari, ana siagi kwenye friji, ana oveni na saa nzima ya kusubiri. Pera lililobonyea linaweza kuwa kitu kizuri mikononi mwake. Soja anayeteremka kwenda Kangemi na mfuko wake, akibanwa ndani ya matatu, anahitaji tunda gumu, litakalofika nyumbani zima na kuliwa na watoto jinsi lilivyo. Kwa hiyo mgawanyo wa haki ni kinyume cha ule uliozoeleka. Mazima yaende langoni. Yaliyochubuka yabaki kwa yule aliye na uwezo wa kuyaponya.

Kazi yenyewe hufanyika kwenye veranda na haichukui robo saa. Kapu linamwagwa juu ya gazeti. Kila pera linageuzwa mkononi na kubonyezwa kwa kidole gumba karibu na kikonyo, mahali linapoanza kulainika. Yanayokataa kubonyea yanaingia mfukoni, na mfuko unapelekwa langoni kabla ya saa kumi na mbili, soja wa usiku asijeondoka mikono mitupu. Yanayobonyea yanakwenda kwenye ubao. Kisu kinaondoa doa la kahawia, kinakwepa tundu la ndege, kinafuata mstari wa mpasuko. Pera moja linaacha nusu, jingine robo, jingine ngozi na vipande viwili vya waridi. Kinachobaki kinajaza bakuli.

Jioni bakuli linatolewa limefura. Maji ya mapera yamebubujika juu ya chenga, yakateremka ukingoni na kugandia hapo, meusi kidogo na yenye kunata, na watu wa nyumba wanagombania kuyakwangua kwa kijiko kabla ya kugusa kilicho katikati.