Barua Iliyolala Kwenye Droo

Wanangu wenye bekari na karakana za mtaani, kaeni kidogo tuzungumze. Kwa miaka mingi nimewaona mkipokea barua yenye muhuri wa serikali, mkaipitia juu juu, mkaisukuma kwenye droo pamoja na risiti za unga, mkiahidi kuishughulikia mwisho wa mwezi. Sishangai. Barua ya madai inatisha, na mtu akitishika hutafuta pa kuificha hofu yake. Lakini barua iliyofungiwa ni kama donge lenye hamira: usipolitazama ndipo linapofura.

Tuseme kijana wako wa mashine ya kukanda unga ameumia vidole. Sheria ya Kenya ya mwaka 2007 ya fidia kwa wanaoumia kazini, hiyo mnayoiita WIBA, inakupa siku 7 za kumwarifu Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini. Daktari akiandika kwamba ulemavu wa kudumu ni asilimia 10, na mshahara ni shilingi 20,000, inashikwa mishahara ya miezi 96, halafu inatolewa asilimia hiyo: shilingi 192,000. Ukiwa na bima, na sheria inakutaka uwe nayo, bima ndiyo inayobeba mzigo. Ukiona hesabu haikukaa sawa, una siku 60 za kupinga kwa maandishi kwa Mkurugenzi mwenyewe. Akishikilia uamuzi wake, una siku 30 za kukata rufaa mahakama ya kazi.

Wapo wanaoziacha siku hizo zote zipite. Kijana huenda mahakamani ili tathmini yake ipewe nguvu ya hukumu, samansi inaletwa, nayo inaingia droo ileile. Siku ya kesi hayupo wa kukujibia, na hukumu inatoka ya upande mmoja. Unazinduka dalali anapokuja kuorodhesha oveni, magunia, na mashine ileile iliyomuumiza kijana. Sasa deni lina gharama za kesi juu yake, na riba, na ada ya wakili unayemkimbilia jasho likikutoka.

Hata hapo mlango haujafungwa. Mahakama zetu mpaka leo hurejea kesi ya Shah na Mbogo ya mwaka 1967: jaji ana hiari ya kuiondoa hukumu ya namna hiyo ili aliyepitiwa, au aliyefanya kosa la kusameheka, asiumie bure; lakini aliyekusudia kuchelewesha haki hana msaada. Kama samansi haikukufikia kabisa, liapie hilo, maana likithibitika hukumu huondolewa kwa haki yako. Kama ilikufikia ukalala, sema ulilala, na sababu yake. Msibuni ugonjwa. Aliyeleta samansi naye ameapa alimkuta nani, siku gani, mlango gani. Uongo wako ukianguka mbele ya kiapo chake, hata neno lako la kweli litatiliwa shaka.

Kisha ambatisha utetezi wenyewe, kwa kuwa jaji atauliza kuna nini cha kusikiliza. Je, alikuwa mfanyakazi wako? Aliumia kazini? Na usikawie: anayekuja wiki ileile aliyopata habari hueleweka upesi kuliko anayengoja dalali arudi mara ya pili. Ukiamriwa kumlipa mwenzako gharama, au kuweka sehemu ya pesa mahakamani kwanza, tii bila kununa.

Nanyi mlioumia, msidhani haya si yenu. Madai yana miezi 12 tangu ajali. Nimeona kesi nzuri zikitupwa kwa kutofika, wakili hakupiga simu na mwenye kesi hakuuliza. Iliyotupwa yaweza kurudishwa, kwa ombi la haraka na la kweli vilevile, ila majaji hawachoki kukumbusha kwamba kesi ni ya mwenyewe kabla ya kuwa ya wakili.

Mwenye bekari, faili likifunguliwa upya, kijana anaanza kungoja upya, na ana watoto wa kulisha. Bishana naye kuhusu asilimia kadiri ya haki yako. Matibabu yake usiyasimamishe: sheria imeyaweka juu yako tangu siku alipoumia, hata kabla ya jaji kuliona jina lako.