Maana ya Jina na Haki ya Mtoto

Katika nchi ya Denmark mtoto hapewi jina lo lote litakaloingia katika fikira za wazazi wake. Sheria huwapa wazazi muda wa miezi sita tangu siku ya kuzaliwa, nayo imeweka orodha ya majina yaliyokubaliwa. Mzazi ambaye jina alipendalo limo katika orodha hulichukua bila ya maneno. Ambaye jina lake halimo hana budi kuomba ruhusa, na ombi lake hupimwa na wenye mamlaka, ambao kwa miaka mingi walitegemea shauri la wataalamu wa majina wa Chuo Kikuu cha Copenhagen. Jina linaloonekana kuwa litamletea mtoto aibu au mzigo hukataliwa.

Wageni wasikiapo habari hii hushangaa, wala mshangao wao si wa bure. Mzazi humvika mtoto, humfundisha lugha, dini na adabu bila ya kumwuliza ridhaa yake, na hapana serikali yenye busara inayomwekea orodha ya nyimbo za kumbembelezea. Kwa nini basi jina litiliwe mpaka? Jawabu la watetezi wa sheria ni kwamba vazi lisilopendeza huvuliwa jioni, lakini jina hukaa juu ya mtu kama ngozi yake. Mzazi hulitoa mara moja kwa furaha yake, na mtoto hulitumia kila siku kwa gharama yake. Jawabu hili lina nguvu. Lakini halikamiliki mpaka ijulikane ni kitu gani ndani ya jina kiwezacho kumdhuru mtu au kumfaa. Je, ni maana yake ya asili, ama ni kitu kingine?

Kwa maana za asili, majina ya Denmark ni hazina kubwa, nayo yametoka katika chemchemi mbili. Ya kwanza ni lugha ya kale ya watu wa Kaskazini, kabla ya kufika Ukristo. Bjørn ni dubu, Ulf ni mbwa-mwitu, Sten ni jiwe. Torben ni muungano wa Thor, mungu wa radi, na dubu yule yule. Astrid na Ingrid ni uzuri uliounganishwa na uungu. Sigrid ni uzuri uliounganishwa na ushindi. Freja ni bibi, nalo lilikuwa jina la mungu wa kike wa mapenzi. La ajabu zaidi ni Gunhild, maana sehemu zake zote mbili ni vita, kama kwamba mzazi wa kwanza aliyemwita binti yake hivyo alichelea kuwa vita moja isingemtosha. Chemchemi ya pili ni Kanisa. Jens na Hans wote wawili ni Yohana, yaani Mungu amefadhili. Niels ni Nikolao, ushindi wa watu. Jørgen ni mkulima. Karen ni Katarina. Margrethe ni lulu. Majina haya yalipofika Kaskazini yalikatwa na kusuguliwa na ndimi za wakulima na mabaharia hata mtakatifu mwenyewe, lau angeitwa, asingeitika.

Kwa karne nyingi mwana wa Jens aliitwa Jensen, na mwana wa Niels aliitwa Nielsen, kwa kuwa -sen ni mwana, nayo ilifanya kazi ile ifanywayo na neno bin katika pwani ya Afrika Mashariki. Amri ya mwaka 1828 ilitaka kila ukoo uwe na jina moja lisilobadilika, na tangu hapo wanaume, na hata wanawake, wamekuwa wana wa Jens ambaye hawakumwona kamwe. Mabadiliko hayo yalikwisha kuanza kabla ya amri. Mtunga hadithi Hans Christian Andersen, aliyezaliwa Odense mwaka 1805, alikuwa mtoto wa fundi wa viatu aliyeitwa Hans Andersen. Kwa hesabu ya kale angalikuwa Hansen.

Ingekuwa maana ya asili ndiyo yenye nguvu, maisha ya watu yangeifuata. Jina Frederik limejengwa kwa amani na utawala. Tangu mwaka 1513 mpaka mwaka 1972 kiti cha enzi cha Denmark kilikaliwa kwa zamu na wafalme walioitwa Christian na Frederik, wala hapana ushahidi kwamba zamu za Frederik zilikuwa na amani zaidi. Frederik III ndiye aliyetangaza vita juu ya Sweden mwaka 1657, na mwaka uliofuata akalazimika kuitoa Skåne pamoja na nchi nyingine zilizokuwa mali ya taji lake kwa karne nyingi. Mtawala wa amani aliingia vitani kwa hiari, akatoka amepoteza sehemu kubwa ya ufalme wake. Jina halikumzuia, wala si haki kulilaumu.

Tena maana yenyewe hupotea njiani. Mwaka 1205 Mfalme Valdemar II alioa binti mfalme kutoka Bohemia, ambaye Wadenmark walimwita Dagmar. Wataalamu hulirudisha jina hilo katika lugha za Kislavoni, ambamo huonekana maneno ya upendo na amani. Lakini masikio ya Wadenmark yalisikia ndani yake neno lao dag, yaani siku, na mwangaza wa siku ukamkalia malkia yule katika nyimbo za kale zilizomsifu. Maana iliyosahauliwa ilikuwa ya kweli, na maana iliyopendwa ilikuwa ya bahati tu. Hata hivyo ni hii ya pili iliyowafanya wazazi wengi wawape binti zao jina hilo.

Lakini sikio la watu lililompa Dagmar mwangaza laweza pia kunyang'anya. Jina Søren latoka katika Severinus, nalo lina maana ya ukali. Wadenmark wakitaka kuapa bila ya kumtaja Shetani, husema Søren mahali pake. Mwanafalsafa Søren Kierkegaard, aliyezaliwa mwaka 1813, alibeba jina hilo pamoja na jina la ukoo ambalo maana yake ni uwanja wa kanisa, tena ni makaburi. Kwa muda mrefu hapana aliyejali. Mwaka 1846 gazeti la mzaha, Corsaren, lilianza kumchora na kuzicheka suruali zake na mwendo wake, na jina lake likawa kichekesho katika njia za Copenhagen, hata matembezi aliyoyapenda yakawa adhabu. Herufi za jina zilikuwa zile zile. Leo vyuo vikuu vya dunia hulitamka jina hilo hilo kwa heshima, na herufi hazikubadilika safari hii pia.

Hapa ndipo sheria ya majina inapoonyesha wema wake na upungufu wake. Majina kama Pluto, na Monkey ambalo kwa Kiingereza ni tumbili, yaliwahi kukataliwa, na mtoto aliyeepushwa nayo hana sababu ya kulalamika. Lakini hapana orodha iliyoweza kumlinda mwenye jina la Brian. Jina hilo la Kiairishi lilipendwa sana nchini humo katika karne ya ishirini, kisha likageuzwa kuwa kejeli ya kijana mkorofi asiye na elimu. Wazazi hawakukosa lo lote, na ofisi haikukosa. Waliokosa ni wale waliocheka.

Jambo kubwa zaidi ni la watoto wa wahamiaji. Jina Ali maana yake ni aliyetukuka, na halipungukiwi na lo lote mbele ya Frederik. Hata hivyo watafiti waliopeleka kwa waajiri wa Denmark barua za kuomba kazi, zenye sifa zinazolingana na majina yanayotofautiana, waliona kwamba wenye majina ya asili ya Mashariki ya Kati waliitwa mara chache zaidi. Baba wa Ali alichagua jina jema, akaliandikisha kwa wakati. Wako wanaoona kwamba busara ni mzazi wa namna hiyo kumwita mwanawe Mads au Lars ili mlango ufunguke. Ushauri huo una huruma ndani yake, lakini humtaka mtoto mchanga alipe deni la mwajiri.

Sheria iliyoanza kutumika mwaka 2006 ililegeza mambo mengi, na orodha imekua mpaka kufikia makumi ya maelfu ya majina. Ndani ya sheria hiyo kimo kifungu ambacho hakitajwi sana na wanaoizungumza: mtoto aliyetimiza miaka 12 habadilishiwi jina bila ya ridhaa yake mwenyewe. Wazazi waweza kuwa wamechoka nalo na jirani waweza kuwa wanalicheka, lakini Brian au Ali wa miaka hiyo akisema kwamba analitaka, ofisi huliacha.