Amana ya Mfasiri

Mfasiri huaminiwa kwa sababu amsikilizaye hana njia ya kumkosoa. Amana hiyo ilijaribiwa Marekani usiku wa tarehe 4 Novemba 1952, Eisenhower na Stevenson waliposhindania urais. Televisheni ya CBS ilimweka Charles Collingwood awaeleze watazamaji habari za UNIVAC, kompyuta iliyokuwa Philadelphia. Kando yake, studioni New York, palikuwa na ubao wa taa zenye kuwaka na kuzimika. Taa hizo hazikuhesabu kitu, zilikuwa pambo tupu.

Kura zikiwa chache bado, mashine ilibashiri kuwa Eisenhower atapata wajumbe 438 na Stevenson 93. Kura za maoni zilikuwa zimetabiri mashindano ya karibu, kwa hiyo ubashiri ule haukutangazwa. Wataalamu waliibadilia mashine hesabu zake mpaka ikatoa jibu la kiasi. Matokeo yalikuwa 442 kwa 89.

Ni rahisi kuwacheka. Lakini mashine ingalikosea, wangalisifiwa kwa busara. Shaka yao haikuwa dhambi, maana shaka ni haki ya kila mwenye akili. Dhambi ilikuwa kuificha, na kuwapa watu kauli iliyonyolewa kana kwamba ndiyo kauli ya mashine. Mfasiri mwaminifu angalisema: mashine yanena hivi, nasi hatuisadiki. Maneno hayo yalikuja usiku ulipokwisha kuwa mkubwa, Arthur Draper wa Remington Rand alipokiri mbele ya watazamaji kuwa mashine ilisema kweli mapema na wenyewe hawakuiamini.