Wafu Wanaotudai

Birere haina babu mmoja. Mtaa huu wa maduka, depo na vibanda, uliobanana baina ya katikati ya Goma na mpaka wa Rwanda, umejengwa na watu waliotoka kila upande: Wanande wa Butembo na Lubero, Wahunde wa Masisi, Washi wa upande wa Bukavu, wasemaji wa Kinyarwanda wa Rutshuru, na Waislamu wa Maniema ambao habari ya dini yao inaanzia Kasongo na Nyangwe katika zama za akina Tippu Tip. Wengi walifika wakikimbia vita, wengine wakifuata biashara. Hata hivyo, watu wa hapa wakitaka kumjua mgeni huuliza, "Unasali wapi?", na jibu halitaji jengo tu. Anayesema anasali kwa Wapentekoste wa CEPAC, au Katoliki, au msikitini, anataja watu watakaomzika na watakaomchangia akilazwa. Anataja pia wazee ambao hakuwahi kuwaona, wasio wa ukoo wake, na anawahesabu kuwa wake. Watu wasio na nasaba moja wanaipataje historia moja?

Jibu la haraka ni kwamba wanaunganishwa na imani moja na mambo waliyoyapitia pamoja. Wabatisti wa Kivu wanatosha kulitia shaka jibu hilo. Walianza na wamisionari wa Kiamerika mwishoni mwa miaka ya 1920, wakiwa na Biblia moja na ubatizo mmoja. Katika miaka ya 1960 wakagombana vikali juu ya nani aongoze kanisa, shule na mali, na leo wana jumuiya mbili kubwa, CBCA na CEBCE, kila moja ikisimulia mwanzo uleule kwa namna yake. Mafundisho hayakuwagawa, na mwanzo wa pamoja haukuwazuia kugawanyika. Wapo watakaosema basi ni serikali inayogawa utambulisho, na ushahidi wanao. Mwaka 1970 jumuiya za Kiprotestanti ziliwekwa chini ya mwavuli mmoja wa Kanisa la Kristo, na sheria ya tarehe 31 Desemba 1971 ya utawala wa Mobutu ikaamua dini zipi zitambuliwe. Kutoka hapo zikaja namba: CBCA ya 3, CEPAC ya 8, CEBCE ya 55. Leo namba hizo zinaandikwa kwenye vibao vya shule na zahanati, na mwumini anazitamka kama mtu atajavyo ukoo. Lakini namba ya ofisini haimfanyi mtu alale njaa kwa ajili ya mwenzake, na mambo kama hayo watu wa Birere wanayafanya. Kuna kitu kingine kinachowashika.

Naona kitu hicho ni deni. Jumuiya ya dini inafanana na likelemba, mchango wa zamu, ya akina mama wa soko: hawawi kundi kwa sababu wanajuana au wanapendana, bali kwa sababu kila mmoja amekwisha kupokea kutoka mikononi mwa wengine na anajua zamu yake ya kutoa. Historia inakuwa ya pamoja siku ile watu wanapokubali kwamba waliotangulia wanawadai. Kabla ya siku hiyo ni habari tu, hata ikiwa imeandikwa vizuri.

Mwanasosholojia wa Ufaransa Maurice Halbwachs, aliyefia kambi ya Buchenwald mwaka 1945, alionyesha katika kitabu chake juu ya Nchi Takatifu jinsi Wakristo walivyozifunga kumbukumbu zao kwenye mahali, wakipapanga upya kila kizazi kulingana na haja zao. Alikuwa sahihi kwamba kumbukumbu hutafuta mahali pa kukaa. Goma, hata hivyo, ni mji ambao mahali penyewe hupotea. Tarehe 17 Januari 2002 lava ya volkano ya Nyiragongo ilipita katikati ya mji hadi ziwani, ikafunika sehemu ya uwanja wa ndege na ya eneo la biashara, ikaacha watu wapatao 120,000 bila nyumba, na ikalimeza kanisa kuu la Mtakatifu Yosefu. Kama jumuiya ingekuwa imefungwa kwenye mawe, Wakatoliki wa Goma wangetawanyika siku hiyo. Hawakutawanyika, kwa sababu tangu zamani walikuwa wakikutana katika shirika, kikundi kidogo cha majirani kinachosali nyumbani kwa mmoja wao na kujua nani mgonjwa na nani amefiwa. Jengo lilikwenda, ila deni la jirani kwa jirani lilibaki vilevile, na mengi yaliendelea kutoka hapo.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni wa juzi tu. Floribert Bwana Chui alizaliwa Goma mwaka 1981. Alikuwa mwanajumuiya wa Sant'Egidio, jumuiya ya Kikatoliki, akiwahudumia watoto wa mtaani, na mwaka 2007 alikuwa mtumishi wa OCC, ofisi inayokagua bidhaa zinazoingia nchini. Kazi yake ilikuwa mpakani, kwenye njia zilezile zinazoilisha Birere. Akaletewa rushwa ili apitishe shehena ya chakula kilichoharibika. Akakataa. Mwezi Julai mwaka huo akatekwa, akateswa na kuuawa, akiwa na miaka 26. Kwa miaka mingi habari yake ilitunzwa na marafiki waliokuwa wakisali pamoja naye, kisha Papa Francis akawatajia vijana wa Kinshasa jina lake mwezi Februari 2023, na tarehe 15 Juni 2025 Floribert akatangazwa Mwenye Heri na shahidi huko Roma. Kanisa limesema aliuawa kwa chuki dhidi ya imani, ingawa hakuna aliyemwambia amkane Kristo. Aliambiwa tu apokee pesa. Uamuzi huo una uzito mkubwa kwa mtaa wa wafanyabiashara, kwa sababu unaweka ushahidi wa imani mahali ambapo watu wanapita na mizigo kila asubuhi. Mkatoliki anayemwita Floribert ndugu yake hawezi tena kulipa matabishi, yaani rushwa, mpakani kwa moyo mwepesi kama zamani. Anaweza kulipa, na wengi watalipa. Lakini sasa kuna mtu anayemdai.

Hapa mpinzani atasema kwamba historia ya namna hii inachaguliwa, na kinachochaguliwa kimetengenezwa. Ni kweli inachaguliwa. Namugongo, Uganda, inathibitisha. Mashahidi wa Kikatoliki 22 walifanywa watakatifu mwaka 1964, na kila tarehe 3 Juni mahujaji humiminika huko. Waanglikana wana mashahidi wao waliouawa na mfalme yuleyule, Mwanga. Na kabla ya hao wote, katika miaka ya 1870, mfalme Mutesa aliwaua Waislamu waliokataa kuitii amri yake iliyokwenda kinyume cha dini yao, nao hawajulikani sana nje ya jumuiya yao. Wanaokumbukwa ni wale ambao jumuiya fulani ilijiona inadaiwa nao. Lakini kuchagua si kusema uongo. Swali la kumwuliza anayechagua ni moja: je, kumbukumbu hii inakugharimu, au inakupamba? Kumbukumbu inayotupa fahari tu na haitutaki tufanye lolote ndiyo ya kutiliwa shaka, na makanisa yetu yanazo nyingi za aina hiyo.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, na linatoka Rwanda, ng'ambo ya mpaka ulio mwendo wa miguu kutoka Birere. Mwaka 1994, katika nchi iliyojaa wabatizwa, watu walichinjwa ndani ya makanisa, Ntarama na Nyamata, na kati ya wauaji walikuwamo waliosali pamoja na waliouawa. Historia moja ya dini ilikuwapo, na haikumwokoa mtu. Sina jibu la kulipunguza jambo hilo. Ninachoweza kusema ni kwamba kuhesabiwa katika daftari la ubatizo na kukubali kudaiwa ni vitu viwili tofauti. Miaka mitatu baadaye, tarehe 30 Aprili 1997, wenye silaha waliingia seminari ya Buta, Burundi, wakawaamuru vijana wajitenge, Wahutu huku na Watutsi kule. Vijana wakakataa, na 40 wakauawa. Dini ilikuwa ileile na chuki ya kabila ilikuwa ileile. Hawa walikuwa wamekwisha kuamua, kila mmoja, kwamba aliyesimama kando yake anamdai kuliko ukoo wake. Kwa hiyo dini haitengenezi umoja kwa kuwapo tu, na anayehubiri hivyo Goma anawadanganya watu waliokwisha kuona mengi.

Kuna jambo moja katika habari ya Floribert ambalo Wakatoliki wenyewe bado hawajalimaliza. Alipotangazwa Mwenye Heri, Goma ilikuwa mikononi mwa waasi wa M23 tangu mwisho wa Januari 2025, na mji uliomzaa haukuwa na utulivu wa kumshangilia. Kwa haraka ya kujifariji, ni rahisi kumfanya kuwa mali ya parokia, kumtengenezea sanamu na wimbo wa kwaya, na kumfungia ndani. Lakini chakula alichokizuia hakikuwa cha Wakatoliki. Kilikuwa kinaelekea sokoni, na kutoka sokoni kingeingia katika masufuria ya CEPAC, ya CBCA, ya Waislamu wa Maniema, ya makanisa ya uamsho, na ya wasiosali popote. Akina mama wa Birere walionunua chakula wiki ile hawakujua ni nani aliyesimama kati yao na sumu. Ikiwa historia ya pamoja ni deni, basi hapa mdai ni mmoja na wadaiwa ni mtaa mzima, na pastori wa CEPAC au imamu ana haki ya kumtaja mbele ya watu wake kama alivyo nayo padri.