Je, Waliongoja Bure?

Tarehe 16 Machi 2025, timu ya Newcastle iliifunga Liverpool mabao 2–1 katika fainali ya Kombe la Ligi la Uingereza, uwanjani Wembley. Liverpool ndiyo iliyokuwa ikiongoza ligi. Newcastle haikuwa imetwaa kombe kubwa la nchini mwao tangu mwaka 1955. Miaka 70!

Bao la kwanza alilifunga Dan Burn kwa kichwa. Huyu ni mtoto wa Blyth, mji wa jirani, na alipokuwa na miaka 11 timu hiyohiyo ilimwacha. Alirudi mwaka 2022, mtu mzima.

Lakini wako waliozaliwa baada ya 1955, wakaipenda timu hiyo maisha yao yote, wakazikwa bila kuona kombe. Je, hao walipoteza? Vijana wetu husema ndiyo, hamia timu inayoshinda. Sisi hatukubali. Newcastle ilishuka daraja mwaka 2009, ikashuka tena 2016, na bado watu walikwenda uwanjani kwa maelfu, wakiwashika watoto wao mkono. (Kweli, tangu 2021 ina fedha za Saudia, si maskini tena. Ila fedha hazikuwangojea wengine miaka 66.)

Kijana aliyeshangilia siku ile, alifundishwa na nani kuipenda timu isiyoshinda? Mara nyingi ni baba, au babu, ambaye hakuwepo tena kushangilia naye.